Mchezaji wa Ijumaa Usiku

(Hotuba kwa wachezaji vijana na wazazi wao)

Ndugu wazazi, walimu wenzangu wa mpira, na ninyi vijana mliokaa kule nyuma na njumu zenu mapajani, nawasalimu.

Mwenyekiti ameniomba niseme machache kuhusu mpira wa Ulaya, kwa kuwa nimeishi Uholanzi na nimekaa karibu na viwanja vyao. Najua mlichotarajia. Cruyff, Van Basten, Virgil van Dijk wa Liverpool. Hao mnawajua, simu zenu zinawaonyesha kutwa. Leo nawaletea habari za mchezaji ambaye simu zenu hazimwonyeshi: yule wa daraja la pili la Uholanzi, anayecheza miaka kumi na kitu, anahama timu tano au sita, anaoa, analea watoto, kisha anatundika daluga bila gazeti lolote la nje kuandika mstari. Nawaletea habari zake kwa sababu, vijana wangu, mkifanikiwa katika kazi hii, wengi wenu mtafanikiwa kama yeye. Na mimi nawaombea mfanikiwe kama yeye.

Mpira wa kulipwa Uholanzi ulianza rasmi mwaka 1954. Juu iko Eredivisie yenye timu 18. Chini yake iko Eerste Divisie: timu 20, mechi 38 kwa msimu, na nyingi kati ya hizo huchezwa Ijumaa saa 2 usiku, ili mwisho wa wiki uachiwe wakubwa na mpira wa ridhaa. Ndiyo maana namwita mchezaji wa Ijumaa usiku. Timu zake ni za miji kama Helmond, Oss, Emmen, Dordrecht, Den Bosch na Maastricht. Nchi yenyewe ni ndogo. Mtu mwenye gari anaweza kubadilisha timu mara tatu asibadilishe nyumba. Mke anabaki kazini kwake, watoto wanabaki shule ileile. Wazazi mlionisikiliza vizuri mmeshaona uzito wa jambo hilo.

Nimeketi mara nyingi kwenye uwanja wa Telstar, kule Velsen, karibu na kiwanda kikubwa cha chuma cha IJmuiden. Upepo wa Bahari ya Kaskazini unaingia uwanjani kama umelipa kiingilio, na kipa akipiga mpira mrefu kuukabili, mpira unarudi nusu ya njia. Usiku mmoja, baada ya kufungwa, nilimwona beki wa miaka thelathini na kitu akitoka chumba cha kubadilishia nguo na mfuko wake begani. Akaingia kwenye kantini ambamo mashabiki walikuwa wanakunywa bia na kula viazi vya kukaanga, akamchukua binti yake aliyesinzia kwenye kiti, akasimama dakika kadhaa akijibu maswali ya mzee mmoja kuhusu bao la pili, tena kwa utulivu, hatua kwa hatua, nani alipaswa kumkaba nani. Kisha akaenda kwenye gari lake. Hakuna mlinzi wala kamera. Ule ulikuwa mpira wa kulipwa kama mwingine wowote, na mzee yule alijibiwa na mtu anayeijua kazi yake.

Telstar ilishuka daraja mwaka 1978. Ilirudi Eredivisie mwaka 2025. Hesabuni wenyewe: ni vizazi vingapi vya wachezaji vimepita pale, vikafanya mazoezi kila asubuhi, vikalipwa, vikastaafu, bila kuiona ligi kuu wakiwa na jezi ile. Je, hao wote walifeli? Mimi siamini hivyo hata kidogo.

Nawapa sasa mtu mmoja kwa jina. Johan Voskamp, straika, mzaliwa wa De Lier, sehemu ya mashamba yaliyoezekwa vioo karibu na The Hague. Amezichezea Excelsior, RKC Waalwijk na Helmond Sport. Mwaka 2010 akasajiliwa na Sparta Rotterdam, klabu kongwe kuliko zote za kulipwa Uholanzi, ambayo ndiyo kwanza ilikuwa imeshuka daraja. Agosti ile, katika mechi yake ya kwanza ya ligi, Sparta waliifunga Almere City 12 kwa 1. Voskamp peke yake alifunga mabao 8. Nane! Msimu ulipokwisha alikuwa mfungaji bora wa daraja lile kwa mabao 29.

Kijana wa hapa akifunga mabao 8 katika mechi moja, mtaa mzima utamwambia atafute pasipoti, Ajax wanakuja. Voskamp hakuitwa Ajax. Alikwenda Poland, kwenye klabu ya Śląsk Wrocław, na mwaka 2012 wakatwaa ubingwa wa nchi hiyo. Kisha akarudi Sparta, kisha RKC tena. Mabao 8 yalimpa medali ya ubingwa wa Poland na mikataba kadhaa ya kuishi vizuri. Nani kati yenu angeikataa kazi kama hiyo?

Wa pili ni Sergio van Dijk, mzaliwa wa Assen, kaskazini. Alianzia FC Groningen, akapita Helmond Sport na Emmen, na mwaka 2008, badala ya kuzunguka tena katika miji ileile, akapanda ndege kwenda Australia kuichezea Brisbane Roar. Akahamia Adelaide United, akawa mfungaji bora wa ligi ya Australia msimu wa 2010–11. Ukoo wake una asili ya Indonesia, akachukua uraia wa nchi hiyo, akaichezea Persib Bandung na timu ya taifa mwaka 2013. Baadaye Iran, baadaye Thailand. Mchezaji ambaye Uholanzi alikuwa wa kawaida, kwingine alipokewa kama mfalme. Kiwango cha mtu hupimwa pia na mahali alipo, na mchezaji mwenye akili hutafuta mahali ambapo kipaji chake kinakosekana.

Lakini safari hizo zina hatari, na sitawaficha. Katika Indonesia ileile, Desemba 2012, mchezaji wa Paraguay aitwaye Diego Mendieta alifariki hospitalini mjini Solo huku klabu yake ikimdai... nasema vibaya, yeye ndiye aliyekuwa anaidai klabu, mishahara ya miezi kadhaa. Alikuwa na miaka 32 na alikuwa anatamani nauli ya kurudi kwao. Mtu anapowaambia kuna timu nje, swali la kwanza lisiwe mshahara ni kiasi gani. Liwe ni nani atanilipa ukichelewa.

Kuhama huku kwa wachezaji kulikuja vipi? Zamani klabu iliweza kumshikilia mchezaji hata mkataba wake ukiwa umekwisha, hadi klabu nyingine ilipe. Mbelgiji Jean-Marc Bosman, mchezaji wa kawaida wa RFC Liège, alitaka kwenda Dunkerque ya Ufaransa mwaka 1990, akazuiwa. Akaenda mahakamani. Tarehe 15 Desemba 1995 Mahakama ya Ulaya ikaamua kwamba mkataba ukiisha, mchezaji yu huru. Mastaa walitajirika kwa hukumu ile. Kwa mchezaji wa Ijumaa usiku ilikuwa na pande mbili: alipata uhuru wa kuondoka, na klabu ndogo zikakosa fedha za kuuza wachezaji waliomaliza mikataba. Zikaanza kubana matumizi, mkataba wa mwaka mmoja, miwili. Uholanzi mikataba huisha tarehe 30 Juni. Ukiishi huko utaona jinsi nyumba za wachezaji zinavyokuwa na wasiwasi kuanzia Machi.

Mwaka 2013 likaja jambo lingine. Timu za vijana za Ajax, PSV na Twente ziliingizwa katika daraja hilo. Sasa beki wako wa miaka 31, mwenye goti lililopasuliwa, Jumatatu usiku anakutana na mtoto wa miaka 19 ambaye baada ya miaka miwili atauzwa kwa mamilioni. Frenkie de Jong alipita hapo na Jong Ajax, yaani timu ya vijana ya Ajax. Timu hizo haziruhusiwi kupanda daraja: Jong Ajax walikuwa mabingwa msimu wa 2017–18, na Fortuna Sittard ndio waliopanda. Kuna wanaosema mpango huu unawaonea wakongwe, unawageuza vyombo vya kunolea vijana wa matajiri. Binafsi naona malalamiko hayo yana haki ndani yake. Hata hivyo nimewaona wakongwe wakiwafundisha watoto wale adabu ya uwanja bila kuwaumiza, kwa kusimama tu mahali sahihi.

Na kwa nini nafasi zilikuwepo za timu hizo kuingia? Kwa sababu klabu zilikufa. Haarlem, ambako Ruud Gullit alianzia, ilifilisika Januari 2010. RBC Roosendaal ikafuata mwaka 2011. Msimu wa 2012–13 zilikufa mbili katikati ya ligi: AGOVV ya Apeldoorn mwezi Januari, Veendam mwezi Machi. AGOVV ndiyo iliyomlea Klaas-Jan Huntelaar kwa mkopo msimu wa 2003–04, akafunga mabao 26, na ndiyo iliyompa Dries Mertens nafasi kabla ya Utrecht, PSV na Napoli. Klabu iliyozalisha watu wale ikakosa fedha za kumaliza msimu, na matokeo yake yote yakafutwa kwenye msimamo. Fikirieni mmefunga mabao mwezi Oktoba, na Januari mabao yenyewe hayapo tena.

Hapa ndipo ninapotaka mnisikilize kwa makini, hasa wazazi. Klabu ilipofilisika, mchezaji wa Uholanzi hakwenda redioni kulia. Kisheria yeye ni mfanyakazi. Taasisi ya bima ya wafanyakazi, UWV, huchukua jukumu la mishahara iliyokwama, hadi wiki 13 za nyuma, kisha huendelea naye kipindi cha notisi. Chama cha wachezaji, VVCS, kina wanasheria wake, na kila kiangazi huwa na timu ya mazoezi kwa wasio na mikataba, wakicheza mechi za kirafiki ili makocha wawaone. Mchezaji huru hafanyi mazoezi peke yake barabarani akisubiri simu. Ana kocha, ana jezi, ana wenzake. Shirikisho la dunia la vyama vya wachezaji, FIFPRO, lina makao yake hukohuko Hoofddorp, jirani na uwanja wa ndege wa Schiphol.

Kisha kuna mfuko unaoitwa CFK. Huo ndio uliobadilisha mawazo yangu yote kuhusu kazi ya mpira. Kila mchezaji mwenye mkataba wa kulipwa Uholanzi hulazimika kuweka humo sehemu ya mapato yake, na anayepata zaidi huweka zaidi. Kodi ya fedha hiyo haikatwi wakati ule. Hukatwa siku ya kulipwa. Siku anapotundika daluga, mfuko unaanza kumlipa kila mwezi, kama mshahara, hadi akiba yake iishe. Wakati huo anasoma, anajifunza kazi, anapumua. Kijana wa miaka 22 haulizwi kama anapenda kuweka akiba. Wazee waliokuwepo kabla yake walishajua kwamba katika miaka 22 hatapenda.

Hapa kwetu mmeona wenyewe. Wachezaji tuliowabeba mabegani Taifa, leo tunawachangia kwenye makundi ya simu matibabu ya miguu ileile waliyotufurahisha nayo. Linaniuma jambo hilo, na sioni aibu kusema mbele yenu kwamba nimewahi kulia kwenye msiba wa mmoja wao. Hakuwa mvivu wala mlevi. Alikuwa mchezaji wa kawaida aliyefanya kazi yake vizuri katika mfumo ambao haukumwekea senti moja.

Wengine Uholanzi walikuwa na kazi mbili. Louis van Gaal alicheza Telstar na Sparta huku akifundisha elimu ya viungo shuleni. Guus Hiddink wa De Graafschap, kule Doetinchem, naye alikuwa mwalimu, wa watoto wenye shida za kujifunza. Mkiangalia jinsi walivyokuja kuongea na wachezaji baadaye, mmoja Ajax na Barcelona, mwingine PSV na Korea Kusini, mnaona ualimu umo. Kwa hiyo mzazi anayenyang'anya daftari ili mtoto awahi mazoezi, na yule anayenyang'anya mpira ili mtoto asome, wote wawili naomba tuzungumze baada ya hapa.

Na msidhani watu hawa hatuwajui. Ernie Brandts aliyeipa Yanga ubingwa wa 2012–13 alipitia De Graafschap kabla ya PSV. Ndiye yule aliyefunga pande zote mbili katika mechi moja ya Kombe la Dunia, Uholanzi na Italia, mwaka 1978, akajifunga kwanza kisha akasawazisha. Hans van der Pluijm, aliyeleta Jangwani, makao ya Yanga, ubingwa wa 2014–15 na 2015–16, alikuwa kipa wa FC Den Bosch. Hakuwahi kuwa jina kubwa Ulaya. Alijua mpira wa klabu ndogo, ambako kocha anawajua wapishi na watunza nyasi kwa majina, akaenda nao Ghana, akaja nao Dar es Salaam, Singida, Azam. Ujuzi wa Ijumaa usiku ulitufikia sisi, na tukasherehekea makombe yake.

Sasa neno kwa wale wenye mawakala. Akikujia mtu akakwambia ana majaribio yako Helmond au Den Bosch, muulize jambo moja. Sheria ya Uholanzi inataka mchezaji kutoka nje ya Umoja wa Ulaya, akishafika miaka 20, alipwe kima cha chini ambacho sasa ni zaidi ya euro 400,000 kwa mwaka. Kwa wa miaka 18 na 19 ni nusu yake. Sheria hiyo inamlinda mchezaji wao wa kawaida asipokonywe nafasi na mtu wa bei rahisi. Klabu ya Helmond haiwezi kumlipa mtu mmoja kiasi hicho. Kwa hiyo anayewaomba milioni mbili za viza kwa ajili ya majaribio ya daraja la pili la Uholanzi anawaibia, mchana kweupe. Ubelgiji kima chao kiko chini sana kuliko hicho. Mbwana Samatta alifika Genk Januari 2016, tena akitokea TP Mazembe akiwa ameshabeba ubingwa wa Afrika. Alipita mlango uliokuwepo, baada ya kufanya kazi Lubumbashi kwa miaka.

Nawaona wengine mmeinamisha vichwa. Msiinamishe. Ligi zetu zina timu, zina mashabiki, zina fedha kuliko ilivyokuwa nilipokuwa na umri wenu. Mtu anaweza kucheza miaka 12 kati ya Mwanza, Mbeya, Dodoma na Tanga, akajenga, akasomesha. Anachohitaji ni karatasi zake ziwe sawa, na hapo ndipo tulipo dhaifu.

Basi tufanye kazi. Wale wenye mikataba, nilisema mje nayo. Tutaangalia tarehe ya mwisho, kwanza kabisa, na kama kuna kifungu kinachoiruhusu klabu kuongeza mwaka bila kuwauliza. Tutaangalia nani anagharimia matibabu ukiumia, na kwa muda gani. Tutaangalia kama klabu inachangia NSSF, mfuko wa hifadhi ya jamii, au imeandika tu posho. Ada ya usajili iliyoahidiwa kwa mdomo tutaiandika. Na kila mmoja ajue kanuni ya FIFA ya kifungu 14bis, iliyopo tangu 2018: ukidai mishahara ya miezi miwili, unaiandikia klabu barua, unaipa siku 15, na ikishindwa kulipa una haki ya kuvunja mkataba. Barua hiyo tunayo hapa, imeshachapwa, mtajaza jina na tarehe. Wasio na nakala ya mikataba yao, kaeni upande huu wa dirisha, nitaanza nanyi, kwa sababu kazi yenu ni kubwa zaidi: kesho asubuhi tutakwenda pamoja kuziomba.